Ni bendi moja au mbili? Katatonia ya Stockholm, kutoka ngurumo hadi wimbo

Swali: Shikamoo mwalimu. Kaka yangu alipohamia Mtwara kikazi aliniachia flashi yenye albamu mbili za bendi ya Sweden inayoitwa Katatonia: Brave Murder Day na The Great Cold Distance. Kwenye ya kwanza kuna mtu ananguruma karibu mwanzo mpaka mwisho, isipokuwa wimbo mmoja. Kwenye ya pili kuna mtu anaimba taratibu mpaka machozi yananitoka. Je, hii kweli ni bendi moja? Na kwa nini waliacha kunguruma? Nasoma watu wakisema walifuata pesa. Halafu majina ya nyimbo kwenye ile ya kwanza ni neno moja moja, na mmoja umeandikwa "12" tu, flashi imeharibika? Mimi naimba sauti ya pili kwenye kwaya. Nilijaribu ile ngurumo chumbani, koo likanikwaruza siku tatu.

Jibu: Marahaba, mdogo wangu. Flashi yako ni nzima. Brave Murder Day ilitoka mwaka 1996 na ina nyimbo sita. Tatu za mwanzo ni "Brave", "Murder" na "Day". Zisome kwa kufuatana, jina la albamu ndilo hilo. Zinazofuata ni "Rainroom", "12" na "Endtime". Huo wa "12" ndivyo unavyoitwa, ingawa ni wa tano kwenye mpangilio.

Na bendi ni moja. Ila umesikia sawasawa kwamba sauti ni mbili. Anayenguruma ni Mikael Åkerfeldt, kiongozi wa bendi nyingine ya Stockholm iitwayo Opeth. Hakuwa mwanachama wa Katatonia. Aliazimwa, kama kwaya inavyoazima mpiga kinanda wa usharika wa jirani wa kwao anapougua. Anayekutoa machozi kwenye The Great Cold Distance ni Jonas Renkse, mmoja wa waanzilishi. Na hata kwenye Brave Murder Day yupo. Zile ngoma unazozisikia nyuma ya ngurumo ni mikono yake. Ule wimbo mmoja usio na ngurumo, "Day", ndiye anauimba.

Kwa hiyo swali lako la kwanza linajibika kwa sentensi mbili. La pili, kwa nini waliacha, ndilo linalonifanya niandike kwa kirefu, maana jibu lake lipo kwenye koo la mtu, na wewe umeligusa bila kujua uliposema kuhusu hizo siku tatu.

Turudi Stockholm mwaka 1991. Vijana wawili wa umri wa miaka 16 hivi, Jonas Renkse na Anders Nyström, wanaanzisha bendi. Jina wanalitoa kwenye utabibu wa akili: katatonia ni hali ya mgonjwa kuganda, hasemi wala hajongei, wakati mwingine kwa saa nyingi. Kumbuka maana hiyo, maana muziki wao umeendelea kufanana na jina hilo hata baada ya kila kitu kingine kubadilika.

Wakati huo Stockholm ilikuwa imejaa dethi metali. Huu ni muziki wa gitaa zito, ngoma za kasi na sauti ya kunguruma, na mji ule ulikuwa na mlio wake ambao mpenzi wa muziki huo anautambua kwa sekunde tatu tu. Ulitoka hasa kwenye studio moja, Sunlight, chini ya fundi Tomas Skogsberg. Humo ndimo Entombed walirekodi albamu yao ya kwanza iliyotoka 1990, na Dismember yao ya 1991. Siri ya mlio wenyewe ilikuwa kidude kidogo cha kukanyaga kwa mguu, Boss HM-2, kilichotengenezwa Japani ili mpiga gitaa mwenye vifaa vidogo apate mlio mzito. Vijana wa Stockholm walizungusha vitufe vyake vyote mpaka mwisho. Mtengenezaji hakukusudia hivyo. Kilichotoka ni mlio kama msumeno unaopasua mbao mbichi, na ndio uliobeba muziki wa kizazi kizima.

Kuna jambo jingine la Sweden ambalo mara nyingi halisemwi. Manispaa zao zilikuwa na shule za muziki za bei nafuu kwa watoto, na vyama vya elimu ya watu wazima viliwapa vijana vyumba vya kufanyia mazoezi. Huhitaji kuwa mtoto wa tajiri ili ushike gitaa na kupata chumba chenye mlango unaofungika. Mimi ni fundi sauti, nimerekodi kwaya na bendi miaka mingi, na nakuambia kwa dhati: chumba cha mazoezi kinazaa muziki kuliko kipaji kinavyozaa.

Katatonia walikulia kwenye mji huo lakini masikio yao yalielekea Uingereza. Huko kaskazini kulikuwa na bendi tatu chini ya lebo ndogo, yaani kampuni ya kutoa muziki, ya Peaceville: Paradise Lost, My Dying Bride na Anathema. Hizi zilichukua dethi metali zikaipunguza mwendo mpaka ikawa kama maandamano ya mazishi. Paradise Lost mwaka 1991 walitoa albamu yenye jina Gothic, wakaweka sauti ya mwanamke na milio ya okestra juu ya ngurumo, na tawi zima la metali ya gothiki likachukua jina lake hapo. Katatonia walikuwa wanafunzi wa hao. Walirekodi demo, yaani rekodi ya majaribio, mwaka 1992 kwa Dan Swanö, kijana aliyewazidi miaka miwili hivi tu na tayari akiwa na studio yake, kisha mwaka uliofuata wakatoa albamu ya kwanza, Dance of December Souls. Swanö mwenyewe alipiga vinanda humo, kwa jina la bandia.

Neno December kwenye jina hilo si pambo. Katikati ya Desemba jua la Stockholm linachomoza karibu saa tatu asubuhi na linazama kabla ya saa tisa alasiri. Sisi tuliozoea jua linalochomoza saa kumi na mbili na kuzama saa kumi na mbili mwaka mzima inabidi tukae kidogo ili kulielewa hilo: mtoto anakwenda shule gizani na anarudi gizani. Sisemi giza linatunga nyimbo. Sweden hiyohiyo imeipa dunia ABBA, bendi ya nyimbo za furaha. Lakini kijana anayetafuta maneno ya huzuni huko hahitaji kwenda mbali na dirisha.

Sasa koo. Kwenye albamu hiyo ya kwanza Renkse alipiga ngoma na sauti pia ilikuwa yake. Alikuwa kijana wa miaka 18 asiyekuwa na mwalimu wa sauti. Itafute uisikilize, utagundua si ngurumo kama ya Åkerfeldt. Ni kilio. Anapiga kelele za mtu anayechomwa, sauti inapasuka, inarudi, inapasuka tena. Ndiyo maana wapo wanaoipenda albamu hiyo kuliko zote zilizofuata, na siwalaumu, kwani haina hata nukta moja ya kuigiza. Ila koo lililipa. Ilipofika wakati wa kurekodi Brave Murder Day, Renkse hakuweza tena kutoa ile sauti.

Hapa nikwambie kinachotokea ndani, maana na wewe ni mwimbaji. Nyuzi za sauti ni mikunjo miwili midogo ya nyama laini kwenye koromeo, mirefu kidogo kuliko kucha ya kidole gumba. Unapoimba sauti ya pili zinagongana mara mia mbili, mia tatu au zaidi kwa sekunde. Juu yake kidogo kuna mikunjo mingine minene ambayo kazi yake hasa ni kulinda njia ya hewa. Mngurumaji aliyejifunza vizuri anaitumia hiyo ya juu kutikisika, anapumua kwa kiwambo cha tumbo, na hewa anayoitoa ni kidogo kuliko unavyodhani. Sauti kubwa inatengenezwa na maikrofoni. Asiyejifunza anafanya kinyume: anasukuma hewa nyingi na kusaga nyuzi za chini. Zinavimba. Akiendelea, vinaota vinundu.

Naona jambo hilohilo kila mwaka kwenye kwaya zinapokuja studio kuelekea Pasaka. Wiki mbili za mazoezi ya kila usiku, mwalimu anataka sauti ya kwanza ipande zaidi, na kufika siku ya kurekodi dada mmoja au wawili wana sauti ya mchanga. Hawajawahi kunguruma maishani mwao. Walisukuma tu. Kwa hiyo mdogo wangu, pumzisha koo, kunywa maji, na usinong'one ukidhani unalipumzisha, kwa sababu kunong'ona kwa nguvu nako kunakaza koromeo. Ukikwaruza zaidi ya wiki tatu nenda kwa daktari wa masikio, pua na koo. Na ukitaka kujifunza ngurumo kweli, jifunze kwa mtu anayeijua, dakika chache kwa siku. Ikiuma, acha palepale.

Tuendelee. Kati ya albamu ya kwanza na ya pili bendi ilikaribia kufa. Wawili hao walitawanyika kwenye miradi mingine. Renkse alianzisha October Tide na mpiga gitaa Fredrik Norrman, Nyström akawa na bendi zake. Waliporudi pamoja walimchukua Norrman, wakaingia studio ya Swanö iitwayo Unisound, na tatizo lilikuwa moja: nani atanguruma? Åkerfeldt alikuwa rafiki, na ngurumo yake, ukiniuliza mimi, ni miongoni mwa bora kabisa zilizowahi kurekodiwa. Nzito, pana, na kila neno linasikika. Akaja akafanya kazi, kazi ikawa albamu uliyonayo mkononi.

Sasa nakuomba uifungue flashi ufanye nami jambo moja. Weka "Brave" na ujaribu kutosikiliza sauti ya mtu. Sikiliza magitaa. Moja linashikilia kodi nzito, yaani noti kadhaa zinazopigwa kwa pamoja, na kuzirudia bila haraka. Jingine, juu yake, linapiga noti chache sana, nne au tano, linazirudia, linazirudia tena, kama mtu anayezunguka chumba kilekile akitafuta kitu alichosahau. Wimbo unapita dakika kumi na unajengwa na vipande vichache tu kama hivyo. Dethi metali ya kawaida inapenda kubadilisha pigo kila baada ya sekunde kumi. Hapa pigo linabaki mpaka likuingie mwilini. Wapiga ngoma wetu wa asili wanaijua siri hiyo vizuri: kitu kikirudiwa vya kutosha, hukisikii tena kwa masikio peke yake.

Halafu weka "Day". Ngurumo imekwenda. Magitaa yamesafishwa, na kuna kijana anaimba kwa sauti ndogo, haipandi wala haishuki sana, kama anajisemea. Hajui kuimba bado. Naomba usinielewe vibaya, nasema kama fundi: pumzi ni fupi, baadhi ya noti anazifikia kwa kukwaruza ukingo wake. Lakini usikie kinachofanyika pale. Albamu yote imekujengea ukuta, na ghafla kuna mtu nyuma ya ukuta anaongea. Kwangu mimi, kazi yote ya Katatonia iliyofuata, karibu miaka thelathini, imetoka kwenye wimbo huo mmoja.

Mwaka 1997 walitoa kazi fupi moja zaidi yenye ngurumo ya Åkerfeldt, Sounds of Decay, kisha mlango ukafungwa. Mwaka 1998 ikaja Discouraged Ones, na humo Renkse anaimba nyimbo zote kwa sauti safi huku bado akipiga ngoma. Kuna mambo mawili kuhusu albamu hiyo ambayo watu wa "walifuata pesa" hawayasemi. La kwanza, ilirekodiwa Sunlight, studio ileile ya ule mlio wa msumeno. Walikwenda kwenye karakana ya dethi metali na kutengeneza kitu cha upole humohumo. La pili, aliyekaa na Renkse kumsaidia kurekodi sauti hiyo mpya alikuwa Åkerfeldt yuleyule. Aliyeazimwa kunguruma ndiye aliyemshika mkono mwenzake ajifunze kuimba. Nimekaa upande ule wa kioo mara nyingi na najua inavyohitaji subira. Mwimbaji asiyejiamini anasikia kila kasoro yake kwenye spika kubwa, anataka kuacha, na wewe unamwambia turudie mstari huo mmoja tu, mara ya saba, bila kumvunja moyo.

Sasa kuhusu pesa. Mwaka 1998 hakukuwa na utajiri wowote uliokuwa ukiwasubiri wanaoimba huzuni kwa sauti ya chini juu ya magitaa mazito. Wateja wao walikuwa watu wa metali, na wengi wao walichukia mabadiliko hayo. Kama wangetaka njia rahisi wangetafuta mngurumaji wa kudumu na kutoa Brave Murder Day nyingine nne. Hakuna aliyewalazimisha kufanya lililo gumu.

Na hawakuichukia dethi metali. Ushahidi upo wazi. Kipindi hichohicho Nyström, Renkse, Swanö na Åkerfeldt waliunda bendi ya pembeni, Bloodbath, kwa ajili ya dethi metali ya zamani tu, na ule mlio wa kidude cha HM-2 ukiwa wazi kabisa. Kazi yao ya kwanza ilitoka mwaka 2000 na albamu kamili mwaka 2002. Åkerfeldt akinguruma, Renkse akapiga besi. Walikuwa na nyumba mbili: moja ya kunguruma, moja ya kuimba. Na sikiliza hili, ambalo mimi hunifurahisha kila nikilikumbuka. Kwenye albamu ya mwaka 2014 mngurumaji wa Bloodbath alikuwa Nick Holmes, mwimbaji wa Paradise Lost. Yule ambaye vijana hawa walimsikiliza wakiwa na miaka 16 ndiye aliyekuja kusimama mbele yao jukwaani.

Kitu cha aina hiyohiyo kilitokea upande wa lebo. Mwaka 1999 Katatonia walitoa Tonight's Decision chini ya Peaceville, lebo ya wale walimu wao watatu wa Uingereza. Humo Renkse aliacha viti vya ngoma ili aimbe tu. Swanö akapiga ngoma kwa muda. Humo pia wameimba wimbo wa Jeff Buckley, mwimbaji wa Kimarekani aliyekufa maji mwaka 1997, na ukiujua uimbaji wa Buckley utaelewa Renkse alikuwa anamsikiliza nani alipokuwa anajifunza. Baada ya hapo walimpata mpiga ngoma wa kudumu, Daniel Liljekvist, na Mattias Norrman, ndugu yake Fredrik, akashika besi. Kikundi hicho cha watu watano kilikaa pamoja karibu miaka kumi, na kwa bendi ya aina hii huo ni umri mrefu.

Last Fair Deal Gone Down ya 2001 imechukua jina kwenye wimbo wa Robert Johnson, mpiga bluzi wa Mississippi wa miaka ya 1930. Viva Emptiness ya 2003 ni kali zaidi, ina hasira ya mjini, ina polisi na mitaa na watu wanaotoroka. Mada zilikuwa zimehama kutoka makaburini hadi kwenye vyumba vya kupanga. Mtu wa dini akikuuliza kama huu ni muziki wa kishetani, mwambie kwamba demo zao za ujanani zilikuwa na mapambo ya namna hiyo, kama vijana wengi wa metali wa wakati ule, lakini nyimbo zinazokuliza ni za mtu aliyepoteza mtu, aliyeshindwa kusema jambo kwa wakati, aliyeamka asijue amefikaje pale alipo.

Halafu ndiyo tunafika kwenye albamu yako ya pili. The Great Cold Distance ilitoka 2006, imerekodiwa na David Castillo na kuchanganywa na Jens Bogren, mafundi ambao mimi huwasikiliza kwa daftari mkononi. Chukua "My Twin". Sikiliza jinsi beti zinavyoachwa wazi, nafasi tele kati ya besi na ngoma, na sauti ya Renkse iko karibu sana, kama amekaa kwenye ukingo wa kitanda chako. Hajapiga kelele hata kidogo. Kiitikio kinapofika magitaa mazito yanaingia yote, na bado hapigi kelele. Anabaki palepale. Mwimbaji mwingine yeyote wa metali angepanda hapo, angefungua kifua. Yeye anayaacha magitaa yafanye kazi hiyo, na kwa sababu hiyo huzuni inabaki ya mtu mmoja, haigeuki kuwa maonyesho.

Hicho ndicho unacholilia, nadhani. Na rudi kwenye lile gitaa la noti nne tano la "Brave". Lipo humu. Limefupishwa, limenyooshwa, limepewa nafasi, lakini ni mkono uleule wa Nyström unaozunguka chumba kilekile. Ukitaka kumthibitishia mtu kwamba ni bendi moja, achana kwanza na sauti, mwonyeshe gitaa hilo. Miaka kumi baadaye, 2016, waliipiga albamu hii yote na okestra ya Plovdiv kule Bulgaria, kwenye ukumbi wa wazi wa mawe uliojengwa na Warumi, na nyimbo zikakubali violini bila kulazimishwa.

Yaliyofuata nitayapitia haraka. Night Is the New Day ilikuja 2009 ikiwa na vinanda vingi zaidi, na mwisho wa mwaka huo wale ndugu wawili, Fredrik na Mattias Norrman, waliondoka. Dead End Kings ni ya 2012. Mwaka 2013 walifanya jaribio ambalo wewe kama mwanakwaya nakusihi ulitafute: Dethroned & Uncrowned. Walichukua Dead End Kings, wakaiacha sauti ya Renkse kama ilivyo, wakaondoa ngoma na magitaa mazito yote, wakaweka magitaa ya taratibu na vinanda chini yake. Mashabiki waliichangia pesa kupitia intaneti. Ukisikiliza albamu hizo mbili mfululizo unaelewa kwamba yule kijana wa pumzi fupi wa "Day" sasa anaweza kusimama bila ukuta wowote nyuma yake.

Liljekvist aliondoka 2014. The Fall of Hearts ilitoka 2016 na mpiga ngoma mpya, Daniel Moilanen, ikiwa ndefu na yenye mizunguko mingi kuliko zilizotangulia. Mimi naiheshimu kuliko ninavyoipenda. Mwaka 2018 walisimama, mmoja wa wapiga gitaa wao akiwa ameumia mgongo, wakarudi na City Burials Aprili 2020, mwezi ambao majukwaa ya dunia nzima yalikuwa yamefungwa. Walipiga onyesho wakiwa studio, bila mtu mbele yao, na kurusha mtandaoni. Sky Void of Stars ikafuata Januari 2023 chini ya lebo mpya, Napalm.

Na mwaka 2025 likatokea ambalo wengi wetu hatukulitarajia: Anders Nyström aliondoka. Miaka 34 tangu wale vijana wawili waanze. Albamu iliyotoka Juni mwaka huo, Nightmares as Extensions of the Waking State, ndiyo ya kwanza bila gitaa lake, na Renkse ndiye mwanzilishi pekee aliyebaki. Mmoja wa wapiga gitaa walioingia ni Nico Elgstrand, aliyewahi kuwa Entombed, ile bendi ya Sunlight ya mwaka 1990. Niliisikiliza usiku mmoja kwa vipokea sauti nikilitafuta lile gitaa linalozunguka chumba. Sauti ya Renkse nimeikuta mahali pake. Gitaa bado nalitafuta.

Ukitaka mahali pa kuendelea, usifuate miaka kwa mpangilio. Sikiliza "Day" tena, usiku, peke yako, kisha ruka moja kwa moja kwenye Discouraged Ones kabla hujarudi kwa "My Twin". Mwandikie kaka yako Mtwara akutumie hiyo Discouraged Ones. Kama ana masikio mazuri kiasi cha kukuchagulia hizo mbili, bila shaka anayo, na nashangaa aliisahau. Ikifika, imba na mwenzako wa sauti ya tatu wimbo mmoja wowote wa humo, taratibu, bila kusukuma. Noti zake ni chache, ziko katikati ya sauti yako, na koo lako likiwa limepona vizuri zitakukaa.